Tabibu wa Guangzhou na Daftari la Ukoo Wetu

Mazungumzo mbele ya mkutano mkuu wa ukoo, Guangzhou



Awali ya yote sina budi kuishukuru Kamati ya Maandalizi kwa kunipa nafasi hii baada ya chakula, wakati ambapo mwenye kusema hushindana na usingizi wa wasikilizaji. Nilipoombwa nizungumze, ilitarajiwa kwamba ningesimulia habari za Pangani ya zamani, kwa kuwa hiyo ndiyo kazi tunayopewa sisi wazee katika mikutano ya namna hii. Nimeomba radhi, nikaruhusiwa kuchagua jambo jingine. Nitazungumza juu ya daktari mmoja Mchina ambaye sijapata kuonana naye, na juu ya ugonjwa ambao, kwa kadiri nijuavyo, haumo katika ukoo wetu. Kisha nitaeleza kwa nini habari zake zinatuhusu sana.

Jana wengi wenu mlipelekwa kulitazama jumba la mababu wa ukoo wa Chen, lile lenye mapaa ya nakshi, lililokamilika mwaka 1894 kwa michango ya watu wenye jina la Chen kutoka wilaya nyingi za mkoa huu wa Guangdong. Mmeona jinsi watu hawa walivyotukuza nasaba. Vitabu vyao vya ukoo vilihesabu vizazi hata ishirini na zaidi, ingawa viliandika wanaume zaidi, na binti aliyeolewa aghalabu hupotea humo kama alivyopotea katika shajara zetu sisi. Lakini nusu saa tu kwa gari kutoka pale, katika barabara ya Dongfeng Mashariki, mtaa huu huu wa Yuexiu wanakokaa wafanyabiashara wetu wa Xiaobei, kuna jengo jingine ambalo hakuna mgeni anayepelekwa kulitazama. Ni hospitali ya saratani, au kansa kama wengi tunavyosema, ya Chuo Kikuu cha Sun Yat-sen. Ilifunguliwa mwaka 1964. Chuo chenyewe kimepewa jina la yule daktari aliyeasisi jamhuri ya China, ambaye naye alifariki kwa saratani mwaka 1925.

Hospitali ile ilikuwa na sababu yake ya kujengwa hapa. Kuna saratani inayoota nyuma kabisa ya pua, juu ya koo, mahali ambapo jicho la mtu wa kawaida halifiki. Katika nchi nyingi za dunia ugonjwa huu ni nadra, haumpati hata mtu mmoja katika kila 100,000 kwa mwaka. Katika sehemu kadhaa za Guangdong huwapata wanaume 20 hata 30 katika hesabu hiyo hiyo, ndiyo maana watu wa kusini waliuita uvimbe wa Guangdong. Na ulikuwa na tabia moja iliyowashangaza madaktari: ulirudi katika nyumba ile ile. Baba, kisha mwana, kisha dada yake. Watu wa Guangdong walipohamia Singapore, Malaya na California, ugonjwa ulihamia pamoja nao, ukawa mwingi kwao kuliko kwa majirani zao wapya. Hata hivyo wajukuu waliozaliwa Marekani waliupata kwa uchache kuliko mababu waliozaliwa China. Sisi tulioacha kwetu tukazaa ugenini tunalielewa fumbo hilo bila kufafanuliwa: kuna vitu vinavyosafiri ndani ya mtu, na kuna vitu vinavyobaki bandarini.

Daktari ninayemkusudia ni Zeng Yixin. Msimchanganye na Zeng Yi, mzee wa elimu ya virusi wa Beijing, mzaliwa wa Guangdong, aliyefariki mwaka 2020 na ambaye tangu mwishoni mwa miaka ya 1970 alikwenda vijijini katika mkoa jirani wa Guangxi kuwapima watu damu ili ugonjwa huu ugunduliwe mapema. Huyu Zeng Yixin alizaliwa mwaka 1962 katika mkoa wa Hunan, kaskazini ya hapa. Kwa hiyo si mtu wa Guangdong. Ni mgeni, kama sisi. Alisoma udaktari Hengyang katika mkoa wake mwenyewe, akahitimu mwaka 1985, akashuka kusini mpaka Guangzhou na kupata shahada ya udaktari wa falsafa mwaka 1990. Kisha akaenda Japani na Marekani kuongeza elimu. Wengi wa rika lake waliokwenda hawakurudi, nami siwalaumu, maana nani katika ukumbi huu ana haki ya kumlaumu mtu kwa kutorudi? Yeye alirudi Guangzhou mwishoni mwa miaka ya 1990, akaiongoza hospitali ile ya Dongfeng pamoja na maabara yake kubwa.

Swali alilolishika lilikuwa moja: ni nini hasa kinachorithiwa?

Namna ya kulitafuta jibu ni rahisi kuieleza na ngumu kuitenda. Kila mtu ana ndani ya mwili wake mfano wa kitabu kikubwa cha majuzuu 46, nusu kutoka kwa mama na nusu kutoka kwa baba. Wataalamu huyaita majuzuu hayo kromosomu, na maneno yaliyomo huyaita jeni. Ndugu wawili wa tumbo moja hawarithi kurasa zile zile zote. Basi ukizipata familia ambazo watu wawili, watatu au wanne wameugua, unachukua damu ya wagonjwa na ya wazima, unalinganisha, unauliza: ni kurasa zipi ambazo wagonjwa wote wa nyumba hii wanazo kwa pamoja, kuliko inavyoweza kutokea kwa bahati nasibu? Familia moja haitoshi. Unahitaji nyingi, na kila familia lazima ikubali kukuambia ukweli wa wafu wake. Mashine hununuliwa. Ukweli wa familia haununuliwi.

Mwaka 2002 yeye na wenzake walitangaza kwamba katika familia za Guangdong zenye wagonjwa wengi walikuwa wameona ishara katika sehemu fulani ya kromosomu ya nne. Mwaka 2005 alichaguliwa kuwa mwanachama wa Chuo cha Sayansi cha China, heshima kubwa kwa mtu wa miaka 43. Mwaka 2010 walikuja na kazi kubwa zaidi. Safari hii hawakutazama familia tu. Waliwalinganisha wagonjwa zaidi ya 5,000 wa kusini mwa China na watu wazima wa idadi iliyokaribiana nao. Wakaona sehemu mpya katika kromosomu ya tatu, ya tisa na ya kumi na tatu, na wakathibitisha jambo ambalo watafiti wa Singapore walilidokeza tangu mwaka 1974, kwamba sehemu yenye uzito kupita zote imo katika kromosomu ya sita, penye zile jeni ambazo kazi yake ni kuwaonyesha askari wa mwili sura ya adui aliyeingia.

Adui gani? Hapa naomba turudi nyumbani Afrika Mashariki kwa dakika chache, maana kiungo cha hadithi hii kilitoka kwetu.

Mwaka 1958 daktari wa upasuaji Denis Burkitt, aliyekuwa akifanya kazi Mulago, Kampala, aliandika juu ya uvimbe wa taya alioukuta kwa watoto wa Uganda. Mwaka 1961 alitoa mhadhara London, na miongoni mwa wasikilizaji alikuwamo kijana mmoja, Anthony Epstein, aliyeshuku kwamba uvimbe ule unatokana na kirusi. Vipande vya uvimbe vikaanza kusafirishwa kwa ndege kutoka Kampala hadi London. Kwa muda mrefu hakuona kitu. Siku moja mwishoni mwa mwaka 1963 ndege ilizuiwa na ukungu, ikateremka Manchester, na chupa ilipomfikia maji yake yalikuwa yamechafuka kama yaliyooza. Mtu mvivu angeimwaga. Yeye aliyatazama, akaona kwamba ule uchafu ni chembe za uvimbe zilizo hai, zikielea. Kutokana na chembe hizo, yeye pamoja na Yvonne Barr na Bert Achong, mzaliwa wa Trinidad, walikiona kirusi hicho, wakakitangaza mwaka 1964. Miaka michache baadaye ikadhihirika, kwa msaada wa damu ya wagonjwa iliyotoka pia Nairobi alikokuwa akifanya kazi daktari Peter Clifford, kwamba kirusi kilichotoka kwa watoto wa Uganda ndicho hicho hicho kilichomo katika saratani ya nyuma ya pua ya watu wa Guangdong.

Sasa kirusi cha Epstein-Barr tunacho karibu sisi sote hapa ukumbini. Watu wazima zaidi ya tisa katika kila kumi duniani wanacho, nacho huambukizwa kwa mate, aghalabu utotoni. Kwa wengi hakifanyi neno. Hivyo swali likawa: kwa nini hapa? Wengine walijibu: ni damu ya watu wa Guangdong. Wengine wakajibu: ni chakula. Walikuwako watafiti walioonyesha, kule Hong Kong na hapa Guangzhou katika miaka ya 1980, kwamba watoto waliolishwa samaki wa chumvi wakati wa kuachishwa ziwa waliupata ugonjwa kwa wingi kuliko wenzao, na mwaka 1993 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani likamtia samaki wa chumvi wa namna ya Kichina katika orodha ya vitu vinavyosababisha saratani. Naona mashangazi wananitazama. Ng'onda na papa wenu hawakutajwa katika orodha hiyo; kuleni.

Mwaka 2011 Zeng Yixin alihamia Beijing kukiongoza chuo kikongwe cha udaktari cha Peking Union, na baadaye akaingia katika uongozi wa wizara. Wakati wa janga la UVIKO-19 alikuwa naibu mkuu wa Tume ya Taifa ya Afya. Mimi niliyekaa maofisini najua jinsi kalamu ya serikali inavyowameza watu wa elimu. Lakini utafiti haukumwachia. Mwaka 2019 jina lake lilikuwamo tena katika kazi moja ambayo mimi naiona kuwa kilele cha safari yake yote. Walikuwa wamekisoma kirusi chenyewe herufi kwa herufi, wakagundua kwamba kinachozunguka kusini mwa China si sawa na cha kwingineko: kina aina zenye hatari kubwa, na kwa hesabu yao aina hizo zilichangia kiasi cha asilimia 83 ya hatari yote ya ugonjwa huo katika eneo hili.

Lipimeni jambo hilo, ndugu zangu. Mtu ametumia miaka mingi akitafuta laana katika damu ya familia. Akaikuta kweli damu ina neno lake. Lakini jibu lililo zito zaidi likatoka kwa kirusi ambacho mama humpa mtoto kwa mate, pengine anapomtafunia chakula, kwa mapenzi tu. Naye ndiye aliyeweka jina lake chini ya matokeo hayo. Katika utumishi wangu niliwaona wakubwa wengi walioshikilia neno lao la kwanza mpaka wakastaafu nalo.

Na ugonjwa huo si hukumu ya kifo. Ukigunduliwa mapema, hutibika kwa mionzi kwa wagonjwa zaidi ya tisa katika kumi. Ukichelewa, hesabu hubadilika vibaya. Ndiyo maana kujua kwamba nyumba fulani ina historia ni muhimu: jamaa wa karibu wa mgonjwa wana hatari mara nne hata kumi ya wengine, nao ndio wa kupimwa kwanza. Vijana wetu mlio huku, mkisikia sikio moja limeziba bila sababu, makamasi ya asubuhi yana damu, au kuna uvimbe shingoni usiouma, msinunue dawa za mtaani. Nendeni Dongfeng.

Sasa nije kwetu.

Kabla sijamfuata mke wangu na wanangu huku, nilikuwa kwa miaka mingi afisa wa kuandikisha vizazi na vifo katika mkoa wa Tanga. Katika fomu ya kifo mna mstari wa sababu. Nimesoma mistari hiyo kwa maelfu. "Homa." "Ugonjwa wa ghafla." "Uzee", na marehemu ana miaka 44. Mara nyingi aliyeleta habari alijua zaidi ya alichokisema, nami nilijua kwamba anajua, na tuliachana kwa heshima.

Katika ukoo wetu, dada wawili wa marehemu baba yangu walifariki kwa uvimbe wa titi, wote kabla ya kutimiza miaka 50. Binti wa mmoja wao akafuata, akiwa na miaka 41. Nayasema haya hadharani kwa idhini ya watoto wao, ambao wamo humu. Msiba wa tatu ulipotokea, maneno yalienda pale yanapoendaga. Mke wa ami yetu mmoja, mwanamke wa Muheza, mpole, alirudishwa kwao kwa kudhaniwa kwamba mkono wake umo. Hakupata kurudi. Hakuna aliyemwomba msamaha, na sasa hayupo wa kuombwa.

Miaka miwili iliyopita binti yetu mmoja aliye Toronto, mwenye miaka 38, alikuta kitu kigumu titini. Kitu chenyewe hakikuwa kibaya, alhamdulillahi. Lakini daktari alimwuliza swali moja: katika ukoo wenu, nani aliugua, ugonjwa gani, akiwa na umri gani? Akapiga simu Pangani. Akajibiwa kwamba walikufa kwa mapenzi ya Mungu. Ni kweli, nami siyakanushi. Ila mtu huweza kuamini hivyo na bado akataja titi. Swali lile lilikuwa mlango wa kipimo, na alikaa nje ya mlango huo miezi saba mpaka simu iliponifikia mimi.

Mwaka 1990 mwanamke mmoja mtaalamu wa Marekani, Mary-Claire King, alionyesha kwamba saratani ya titi ya baadhi ya familia inafungamana na mahali fulani katika kromosomu ya kumi na saba. Jeni yenyewe ilipatikana mwaka 1994, na nyingine ya aina hiyo ikafuata. Saratani nyingi za titi hazirithiwi hivyo. Ni chache katika kila mia. Lakini dalili za nyumba yenye urithi huo zinajulikana: kuugua kabla ya miaka 50, wagonjwa wawili au zaidi wa upande mmoja, saratani ya kifuko cha mayai, mwanamume mwenye saratani ya titi. Mzazi mwenye kasoro hiyo humpa kila mtoto kwa uwezekano wa nusu kwa nusu, awe wa kiume au wa kike. Na hapa ndipo penye kosa kubwa la watu wetu, wanaodhani kuwa maradhi ya titi hutoka kwa mama tu. Shangazi ni upande wa baba. Baba anaweza kuibeba maisha yake yote asiugue, akampa binti yake. Wanaume mliokaa nyuma pale mkiamini kwamba mazungumzo haya ni ya wanawake, sogeeni mbele.

Sisemi kwamba ukoo wetu unayo. Hajapimwa mtu wa kutosha kulisema hilo, na habari za Daktari Zeng zinatufundisha kutokurupuka kuilaumu damu. Nasema tuna misiba mitatu iliyofuatana, na hatuna daftari.

Nilipolileta jambo hili mbele ya Kamati, bibi mmoja ninayemheshimu sana alinipinga. Aliniambia: "Mwanangu, ukiyaandika hayo, nani atakuja kuwaposa wasichana wetu?" Sikuwa na jibu siku hiyo, na mpaka leo sina jibu lililo kamili. Anasema kweli. Nimeona mimi mwenyewe uchumba ukivunjika kwa uvumi mdogo kuliko huo, na sheria za nchi tunazokaa hazilingani katika kumlinda mtu na siri zake za afya. Lakini aibu ile imekwisha kututoza mahari yake. Imemchukua mwanamke wa Muheza, na nusura imchukue binti wa Toronto. Kwa hiyo Kamati imekubali njia ya katikati. Daftari halitachapishwa katika kijitabu hiki wala kingine chochote. Litakuwa moja, mikononi mwa Katibu na mjumbe mmoja mwanamke atakayechaguliwa kesho. Mtu ataonyeshwa tawi lake tu, naye ataamua mwenyewe amweleze nani. Asiyetaka wazazi wake waandikwe, hawataandikwa.

Fomu zimo katika bahasha mlizopewa mlangoni. Zina nafasi za jina la marehemu, jina la mama yake, mwaka wa kuzaliwa na wa kufa kwa kadiri mjuavyo, na kilichomuua kwa maneno yenu wenyewe. Si lazima jina la kidaktari, "uvimbe wa titi la kushoto" yatosha. Msisahau mabinti walioolewa nje. Zirudishwe kwa Katibu kabla ya matembezi ya mashua ya Jumapili. Na mabibi wanaojua mengi kuliko sisi sote lakini hawapendi kuandika, nitaketi kwenye meza ile ya dirishani baada ya chai, na kalamu ninayo.